Isogai Tamotsu, Aliyekataa Mama Yake Achekwe

Mwaka umetimia, Tamotsu, tangu asubuhi ile ya mvua ulipotutoka hapa mjini Amagasaki, Japani, penseli ikiwa bado nyuma ya sikio. Muuguzi alitaka kuitoa. Mkeo Fusae akamwambia, "Iache. Hajamaliza."

Uliandika vichekesho vya televisheni, na kila sauti ulitujaribishia sisi kwanza mezani, tambi zikipoa: mara polisi, mara mke mwenye wivu, mara kasisi mlevi. Tusipocheka, ulichana ukurasa bila kinyongo, ukaomba bakuli la pili.

Kisha ukamwandika Otoyo, muuza tofu, ile jibini ya soya, mwenye kigugumizi, uliyemchota kwa mama yako mzazi. Katika mchezo wako yeye ndiye mjanja kuliko wote. Wasemaji hodari ndio wanaoumbuka. Mkubwa wa kipindi akataka kigugumizi ndicho kichekeshe.

"Bwana Isogai, usijitie utakatifu. Watu wanataka kucheka."

"Wacheke naye. Kumcheka, hapana."

"Basi badilisha, au toka."

Ukatoka. Binti yako Chinami alikuwa ndiyo kwanza ameanza shule.

Tangu siku hiyo hakuna kituo cha televisheni kilichokupigia simu. Asubuhi uliuza tofu dukani kwa mama, jioni ukaandikia kikundi kidogo cha waigizaji, ghorofani juu ya bafu la mtaa, wanakooga majirani kwa kulipa. Viti sitini. Otoyo alipopanda jukwaani mara ya kwanza, watu walishika mbavu, na mama yako, aliyekaa mbele, akakugeukia akapaza sauti ukumbi mzima usikie:

"Hu-hu-huyo ni mi-mimi! Na ni-nimewashinda wote!"

Msibani walikuwapo walionong'ona kwamba ulijiharibia kazi. Tuliwasikia. Hukuharibu kitu. Kazi yako ndiyo hiyo, na mama yako alicheka.

Mwezi uliopita kituo kilekile kiliomba mchezo huo, "kwa marekebisho madogo tu." Chinami, sasa mtu mzima, akawajibu kwa mstari mmoja: "Baba hakurekebisha, nasi haturekebishi." Utachezwa palepale juu ya bafu, wiki nzima, neno kwa neno. Anayetaka kucheka na aje.

Unakumbukwa na mama yako Sue, mkeo Fusae, binti yako Chinami, kaka yako Noboru na waigizaji wako wote wa ghorofani.

Hatutakusahau, Tamotsu, wala hatutawaruhusu hao wa kituo wakusahau.