Walikuja Wimbo Ukiwa Katikati

Nyuma ya gereji ya malori,
Jumapili, tarehe 9.

Mpendwa dada,

Pokea salamu zangu nyingi. Hujambo wewe na shemeji? Miguu ya mama imepungua kuvimba? Mimi nipo, ila mbavu mbili zimevunjika na jicho moja halijafunguka, kwa hiyo mwandiko usikushangaze.

Unaikumbuka baa niliyokusimulia, ya Mama Kreti, tunakokalia makreti kwa kuwa viti hakuna? Nikitoka kubeba zege ndiko ninakopumzika. Wachoraji, wapiga ngoma, watunga mashairi, wote humo. Mtaa mzima umenunuliwa ujengwe maghorofa. Imebaki baa tu.

Alhamisi jioni waliingia wanaume wenye mitaimbo, wametumwa kuibomoa, bendi ikiwa mazoezini. Pale kuna mwiko: wimbo ukianza haukatwi, hata paa liungue. Badala ya kuwakabili, sisi wajinga tukaendelea kuimba, tukidhani watasubiri kama wageni wengine. Mkubwa wao akafoka, "Nyie viziwi?" Mpiga gitaa wetu, tunamwita Kijiti, akajibu huku anapiga, "Ngoja ubeti wa mwisho, kaka."

Yule mkubwa akamshushia mtaimbo mkononi. Mfupa ulilia kuliko gitaa.

Dada, sikufikiri. Nilimvunjia kreti usoni, meno yakamwagika. Mama Kreti akawamwagia maji ya moto. Damu iliruka mpaka kwenye michoro ya ukutani. Tuliwatoa nje, lakini nao walitutoa roho nusu.

Yule wa meno ni mdogo wake msimamizi wangu kwenye zege. Kazi basi. Kwa sasa msinitegemee.

Hawathubutu kubomoa penye watu, kwa hiyo tunakaa humu kwa zamu. Daktari kasema Kijiti hatapiga gitaa tena. Jana alikuja na rungu kwenye mkono uliobaki, akakaa mlangoni. Nikamwambia, "Nenda kalale, mzee." Akasema, "Nikalale wapi? Hapa ndipo kwangu." Mimi nina kwetu, dada. Yeye hana.

Wanarudi kututoa, tunajua. Mlango tumeupiga nondo, na mimi nina sururu. Atakayetangulia kuingia hatatoka anatembea. Kama ni mimi nitakayeanguka, usiruhusu mtu akwambie nilikufa nimelewa.

Nisalimie mama, mambo ya mbavu usimwambie. Mjomba fundi cherehani mwambie suruali aliyonishonea imechanika tena, na safari hii si kosa la uzi. Mungu awafunike nyote.

Ni mimi nikupendaye,
Mdogo wako