Si Watoto wa Nondo

Dada Kabula,

Wadudu waliomo kwenye makasha yako ya picha si watoto wa nondo, na hawatageuka kuwa nondo hata wakikaa humo miaka kumi. Amesema hivyo jana Jumatatu, saa tano asubuhi, Mwalimu Ng'wasi, anayefundisha biolojia sekondari hapa Shinyanga mjini. Alikuwa amepiga magoti kwenye sakafu ya studio yako, Ngokolo, ana lenzi mkononi, na mwanao Suzana amemshikia tochi. Nilimnukuu neno kwa neno. Wewe uliniambia jambo hilohilo zamani, bila lenzi, na sikukunukuu.

Shikamoo. Najua marahaba haitanifikia, lakini nikianza barua kwako bila kukuamkia utasema nimepoteza adabu tangu niingie magazetini.

Ni mwaka mmoja na miezi miwili tangu tukuzike. Tanzia yako niliiandika mimi, aya tatu. Ya nne niliifuta kabla ya kuituma. Ilikuwa inasema kwamba wewe ndiye... Basi. Niliifuta.

Yaliyobadilika ni haya. Suzana ameendelea na studio. Anapiga picha za pasipoti na kutoa kopi. Pazia lako lenye ziwa na swala wawili bado linaning'inia, ingawa wateja wa sasa wanataka ukuta mweupe. Fundi cherehani wa jirani amehamia Kahama. Mimi bado ni mwandishi wa mkoa, bado natembea na daftari, na nikipanda bodaboda kwenda vijijini kiuno kinanikumbusha umri. Na Ngokolo nzima bado inaniita Baba Nondo. Ulilianzisha wewe jina hilo, na hukuondoka nalo.

Nadhani hujasahau lilivyoanza. Uliniita studio ukanionyesha picha ya harusi iliyoliwa pembeni, imebaki na kingo za mawimbimawimbi. Nyuma ya kadi walikuwa wamejificha wadudu bapa wa rangi ya fedha, wenye mikia mitatu kama nyuzi. Wengine walikuwa wakubwa kama punje ya mpunga, wengine weupe na wadogo kiasi cha kuhitaji miwani. Ulikuwa unawaita wapangaji. Niliuliza swali moja kwa mtu mmoja, muuza vitenge wa sokoni ambaye nguo zake zililiwa na nondo kweli, nikaenda kuandika. Nilisema wale weupe ni lava, na kwamba kiangazi kikifika watatoka wakiwa nondo. Niliwashauri wasomaji wafunge picha zao kwenye mifuko ya nailoni, waweke vidonge vya naftalini na wasifungue madirisha jioni ili nondo wasiingie kutaga. Habari ilitoka ukurasa wa tano, na jina langu juu.

Uliisoma umesimama, ukaikunja.

"Mwandishi, umewaona wakigeuka?"

Nikasema sijawaona, lakini wadudu wote hupitia hatua nne, yai, lava, pupa na mdudu kamili. Tulichora darasani, nikapata alama zote.

"Kwa hiyo umeandika ulichochora."

Ukachukua glasi tupu ya kunywea maji, ukaweka wapangaji wanane, wakubwa na wadogo, na vipande vya picha zilizoharibika, ukafunika kwa kitambaa cha kanga. Kila nilipopita ulinisalimia kwa sauti ya kusikika hadi barabarani: "Mwangaluka, Baba Nondo! Watoto wako hawajaota mabawa. Ingia uwabembeleze." Wateja walikuwa wanacheka hata kabla hawajajua wanacheka nini. Kipande cha gazeti ulikibandika ukutani karibu na kioo cha kuchania nywele, na aliyeuliza ulimwambia kwamba hicho ndicho cheti changu cha ndoa na nondo.

Kiangazi kilikuja, kikapita. Ndani ya glasi hakukuwa na nondo. Wale wadogo walikuwa wamekua, basi. Sura ileile, mikia ileile mitatu, ila wakubwa zaidi, na chini yao maganda membamba kama ya kitunguu. Hata wale waliokuwa wakubwa tangu mwanzo walikuwa wamejivua. Ulinionyesha pia kwamba hakuna hata mmoja aliyeweza kupanda ukuta wa glasi. Walikuwa wakifika nusu kidole wanateleza, wanaanza tena. Nilitazama, nikakubali kwa mdomo. Masahihisho sikuandika. Nilisema habari imeshazeeka, mhariri hataipa nafasi. Ukweli ni kwamba mhariri sikumuuliza.

Huo ndio uzembe ninaotaka kukueleza ulikofika.

Wiki mbili zilizopita alikuja Mama Shija kutoka Mhunze. Huyu nilikuwa simfahamu. Mwanawe Shija alipita kwako siku moja kabla ya kwenda kuchimba Kharumwa, akapiga picha, akaahidi kuifuata akirudi. Duara, lile shimo la dhahabu, lilititia wakiwa watatu chini. Hawakutolewa. Mkewe alikuwa mjamzito, akajifungua mtoto wa kike, Milembe, ambaye anaolewa Jumamosi hii. Kwao hakuna picha hata moja ya Shija. Mama Shija alieleza yote hayo akiwa amesimama, akakataa kiti. Alisema siku ya kumtoa binti nyumbani, wazazi hukaa mbele kumbariki, na kiti cha baba kitakuwa kitupu. Anataka picha iwe pale. "Mtoto hajawahi kumwona baba yake. Na mimi sura inanitoroka. Najua alikuwa na kovu, lakini siku hizi nasahau ni jicho lipi."

Suzana alikwenda chumba cha nyuma kwa uhakika kabisa, kwa sababu wewe ulikuwa hutupi kitu. Na alikuwa ametunza. Baada ya msiba alikaa siku mbili akafunga kila kasha kwenye nailoni, akaweka naftalini, akafunga dirisha na kulipigilia misumari. Alifuata maelekezo yaliyokuwa ukutani. Wakati ule wa glasi yako alikuwa shule ya bweni. Utani wako hakuusikia, gazeti alilisoma. Aliniambia: "Mjomba, si umeandika wewe?"

Naftalini iliisha harufu. Mvua za mwaka jana zilivujia ukutani, unyevu ukaingia ndani ya nailoni ukakosa pa kutokea. Tulipofungua kasha la Kharumwa, wapangaji walitawanyika mezani, wakubwa kwa wadogo.

Hapa lazima niandike na kosa lako, maana uliniambia nisimpendelee mtu. Zile picha ulikuwa unazigandisha kwenye kadi kwa uji wa muhogo, kwa sababu gundi ya dukani ilikuwa inageuka njano kwa joto letu. Mwalimu Ng'wasi anasema wanga ndicho chakula wanachokipenda kuliko vyote, na ule utando wa juu wa picha ni wa pili. Mimi niliwafungia mlango, wewe uliwapikia.

Bahasha ya Shija tuliipata. Jina lipo nyuma kwa mwandiko wako. Mbele kuna swala wawili, kuna kigoda, kuna miguu ya mtu na mkono wenye tochi. Uso umelambwa mpaka karatasi nyeupe. Mama Shija aliishika kwa vidole viwili, akaitazama muda mrefu, akasema, "Haya, viatu ni vyake." Akatoka nje.

Dada, nimeripoti ajali za madini kwa miaka mingi. Nimesimama kwenye vifusi nikaandika majina, nikarudi nyumbani nikala. Siku ile sikuweza kumfuata yule mama nje. Nilibaki namtazama Suzana, naye ananitazama mimi, na gazeti langu liko ukutani katikati yetu.

Kilichonijia kichwani ni chupa za jamu. Kila niliporudi kutoka Mwanza ulikuwa unaniagiza chupa za kioo zenye kifuniko, tupu au zenye jamu, ulikuwa hujali. Nikiuliza za nini unasema, "Za kuhifadhia watu." Nilidhani unanitania, nikadhani unawekea sukari. Nilikuletea nyingi bila kuuliza swali la pili, mimi ninayeishi kwa kuuliza.

Nikamuuliza Suzana ziko wapi. Akasema, "Zile takataka za mama? Chini ya kitanda chake. Nilikuwa nataka kumpa jirani atilie samli."

Zilikuwa kumi na nne. Kila moja ina utepe wa plasta wenye jina la mahali: Kharumwa, Geita, Mwakitolyo, Maganzo. Ndani ni filamu, vipande vilivyokatwa na kufungwa kwa karatasi, kila kimoja na jina. Harusi hazikuwemo, wala wanafunzi, wala viongozi waliokuja kupiga picha za kampeni. Ni wachimbaji peke yao. Ndipo nikakumbuka sentensi yako moja ambayo niliiacha ipite: "Wenye harusi watakuja wenyewe. Hawa wa machimboni ndio watakaotafutwa."

Hakuna mpangaji hata mmoja aliyeingia. Walishindwa kupanda kioo, kama ulivyoona kwenye glasi wakati mimi nasubiri mabawa.

Asante kwa kutoniamini. Nimeshawahi kushukuriwa na watu walioamini habari zangu, na nimezoea. Hii ni mara ya kwanza namshukuru mtu kwa kuisoma, kuikunja, na kwenda kufanya kinyume chake. Asante pia kwa kutonigeuka. Ungeweza kwenda kwa mhariri. Ulichagua kunitania mlangoni, na kila ulipohitaji habari ipelekwe mahali uliniita mimi, siyo mwingine. Nilichojifunza kwa wakubwa wangu wa kazi ni kuandika haraka. Kuuliza "umeona?" nilijifunza kwako, na nilikuwa mwanafunzi mzito.

Suzana aliweka filamu ya Shija juu ya taa, akaipiga kwa kamera, akaigeuza kuwa picha kwenye kompyuta. Ilichukua chini ya saa moja. Ana mkono wako, hata ile tabia ya kubana ulimi kwa meno anapotafuta mwanga. Shija ametokea mzima. Amevaa koti lako la studio, mikono imempita vidole. Tochi ameinyanyua kifuani kama mtu aliyepewa kombe. Kovu liko juu ya jicho la kushoto. Suzana ametoa nakala mbili kubwa, amezitia kwenye fremu, na hakutumia uji.

Nilimpigia simu Mama Shija. Nikamwambia uso umepatikana. Akauliza, "Masikio yapo?" Nikatazama, nikasema yapo, yote mawili, na yametokeza. Akapumua. "Yalete hivyohivyo. Huyu Milembe kila siku analalamika masikio yake yametoka wapi, nikimwambia ya baba yake anasema namsingizia marehemu." Halafu akaanza kulia na kucheka pamoja, akamkabidhi mtu mwingine simu, na huyo mtu mwingine akaniuliza kama ninakula kuku.

Mwalimu Ng'wasi nilimwita baada ya hapo, kwa sababu safari hii sikutaka chanzo kimoja. Amethibitisha kila ulichokiona. Mtoto hutoka kwenye yai akiwa na sura ya mama yake. Hakuna pupa. Panzi naye hana pupa, lakini akikua huota mabawa. Hawa hawaoti kamwe. Wanaongezeka ukubwa na kujivua ngozi, na wanaendelea kujivua hata baada ya kuzaa, mpaka wanakufa. Nilimwambia kuna mwanamke aliyeyagundua hayo kwa glasi ya maji na kanga. Akauliza alisoma wapi. Nikasema Ngokolo.

Masahihisho nimeyatuma jana jioni. Mhariri wa sasa ni mdogo kwangu. Aliuliza kama kweli kuna haja, habari yenyewe ni ya zamani kiasi hicho. Nikamwambia kuna nyumba ambayo bado inaifuata. Yanatoka Alhamisi. Jina lako limo, na umetajwa kuwa ndiye uliyekuwa sahihi. Kipande cha zamani Suzana alitaka kukibandua, nikamwomba akiache na kubandika hicho kipya chini yake. Dirisha tumeling'oa misumari.

Pumzika, dada. Ahadi yangu ni hizo chupa kumi na nne. Nitazunguka nazo machimboni na vijijini, jina kwa jina, nikiuliza kwao ni wapi, mpaka kila mtu aliyemo afike kwa watu wake. Kwa umri huu huenda nisizimalize. Suzana anazijua zilipo.

Safari ya kwanza ni Jumamosi. Basi la Mhunze linaondoka saa kumi na mbili na nusu asubuhi, Suzana amekata viti viwili, na Mama Shija amesema wazee wataanza kukaa saa nne.

Ni mimi,
Baba Nondo