Kabla ya Kukata Stima

Jumatatu, 4 Novemba 1996

Majina ya kijiji cha Ngoluni, nayaingiza kwa kompyuta tangu Alhamisi. Fomu zimejaa vumbi jekundu, zingine zina alama ya kidole gumba mahali pa sahihi. Mgongo unauma. Saa tisa unusu nilikuwa nimebakisha rundo dogo tu.

Halafu radi. Moja, mbali, upande wa Mbooni. Hata wingu la maana hakuna. Mzee Muli, anayetunza jengo letu hapa Nunguni, akatoka mbio na gambuti zake, akashusha meni swichi. Jengo lote kimya. Betri ya seva ikalia kama dakika moja, ikafa. Ni betri kuukuu.

Seva ndiyo inashika majina yote ya watu wa mahindi ya msaada. Inazimwa kwa amri, kwa kibodi, polepole. Haizimwi kwa swichi ya ukutani! Nilimwambia hivyo kwa sauti ambayo singetaka mama yangu aisikie. Akasema stima itarudi wingu likipita. Wingu gani?

Nimetoka kazini bila kumuaga.

Jumanne, 5 Novemba

Seva imewaka. Databesi imekataa. Yaani mashine ni nzima lakini ile programu inayopanga majina inasema ilikatwa ikiwa katikati ya kuandika, na haijui kilicho kweli na kisicho kweli. Nikaanzisha ukarabati. Kwa muda wa saa sita nzima nikitazama namba zikipanda.

Majina mengi yamerudi. Ngoluni yote imeenda.

Nikasema si neno, niko na kopi ya Jumamosi. Disketi ya kwanza, sawa. Ya pili, sawa. Ya tatu haisomeki, na kopi haifunguki mpaka zote tatu ziwe nzima. Nimeifuta kwa shati, nimeipuliza, nimeiombea. Wapi! Jumamosi sikuzijaribu baada ya kunakili. Nilikuwa na haraka ya kwenda kusukwa nywele. Nywele!

Bwana Kioko, meneja wetu, akachungulia mlangoni. "Ndinda, kopi si iko?"

Nikasema iko. Neno lilitoka lenyewe, na likishatoka utalirudishaje?

Disketi zingine hakuna mpaka mtu aende Machakos, na nikiomba zinunuliwe nitaulizwa zile za kwanza zimefanya nini. Fomu za kwingine kote zilishapelekwa ofisi kuu Kitui. Zilizobaki hapa ni za Ngoluni peke yake. Kwa hivyo kila jina lingine tulilo nalo liko ndani ya hiyo seva moja. Ikifa tena, hakuna orodha, na pasipo orodha chifu haruhusu gunia hata moja lishuke.

Lori lilikuwa liende Alhamisi asubuhi, watu wapate mahindi siku hiyo hiyo. Sasa ni Jumamosi, na mahindi yagawiwe Jumatatu. Ofisi nzima inamlaumu Mzee Muli. Nimewaacha wamlaumu.

Jumatano, 6 Novemba

Ngoluni upya, kutoka jina la kwanza. Vidole vimekufa ganzi.

Saa saba maombi, kama kila siku wiki hii. Kuombea mvua. Watu walipanda kwa vumbi tangu mwezi jana na mbegu bado ziko chini, kwale wanazifukua. Bwana Kioko aliomba akalia, mtu mzima na tai yake. Kavata wa stoo akapiga magoti kwa simiti. Na mimi nimefumba macho katikati yao, naomba isinyeshe, maana mvua ni radi, na radi ni swichi. Baba, ngoja mpaka Jumamosi. Siku tatu tu. Wakisema amina, mdomo wangu ukakataa.

Nimejiona mbaya kabisa. Nani Ukambani huomba mvua ichelewe?

Jioni nimemwambia Mzee Muli asiguse swichi tena, hata dunia ikiisha. Akaniambia habari ya shemeji yake kule Kilungu. Alikuwa ameshika mlango wa chuma, radi ikapiga stima, wakamkuta amekufa, bado amesimama. "Mwiitu, binti yangu, radi haijui huyu ana kazi, huyu hana." Nimekuja nyumbani nikiwa na aibu na hasira pamoja.

Alhamisi, 7 Novemba

Joto la ajabu. Mlima hauonekani vizuri. Nzi wanauma. Kila mtu anatabasamu akitazama juu isipokuwa mimi.

Nimenunua chai mbili, nikampelekea Mzee Muli moja pale anapokaa. Nikaomba msamaha, nusu nusu, vile mtu wa kiburi huomba. Kisha nikamweleza kazi yenyewe. Kwanza watu wote watoke kwa mashine, hata Kavata kwa ile skrini yake ya stoo. Pili databesi ifungwe, imalize kuandika ilichoshika mkononi. Tatu seva yenyewe izimwe. Skrini ikishaandika kwamba sasa ni salama, ndipo stima ikatwe.

Alisikiliza mpaka mwisho. Akasema, "Kumbe. Hufungi lango la boma mbuzi wakiwa nje." Halafu, "Mbona hukuniambia miaka hii yote?"

Miaka miwili. Nampita asubuhi na jioni, namwamkia, naenda. Nilidhani mambo ya seva ni ya watu waliosoma. Lile kosa la Jumatatu lina mama yake, na ni mimi.

Tumepatana. Radi ikija, ataenda kwenye swichi lakini hataishusha mpaka nipige kelele, "Kata!" Nimemuuliza kama ataweza kungoja. Akasema ataona.

Nimefanya mazoezi saa saba watu wakila. Dakika nne kutoka amri ya kwanza mpaka ya mwisho. Betri inashika moja.

Ijumaa, 8 Novemba

Niandike kwa mpangilio.

Ngoluni iliisha saa tano asubuhi. Saa saba na nusu nikaanza kutoa orodha kwa printa. Karatasi ya nne ikitoka, chumba kikaingia giza kama mtu amefunga dirisha. Harufu ya mchanga. Halafu tone moja kwa mabati. Halafu yote.

Watu walipiga vigelegele. Ofisi nzima ikamwagika nje na sufuria, karai, madebe, ndoo ya kudekia, kila kitu cha kuweka chini ya mabati. Maji ya kwanza hayapotezwi. Hata Bwana Kioko alikuwa anabingirisha pipa na viatu vyake vya ngozi.

Radi ya kwanza. Nikasimamisha printa. Nikatoa amri ya kuwaonya watu wote kwamba mashine inafungwa. Nikatoa ya kufunga databesi.

Haikufunga.

Inangoja mtu mmoja. Kavata. Aliacha jina wazi kwa skrini ya stoo, limehaririwa nusu, akakimbilia ndoo. Na stoo yeye hufunga kwa kufuli, huo ni utaratibu, wizi ni mwingi. Nikamwita mlangoni mpaka koo likauma. Mabati yalikuwa yanapiga kelele kunishinda.

Stima ikazimika, ikarudi. Betri ikalia, ikanyamaza. Radi ya pili ilikuwa karibu, niliisikia kwa meno.

Mzee Muli alikuwa kwenye kisanduku cha stima mwisho wa varanda, mkono juu ya swichi. Maji yanamtiririka. Namwona kupitia mlango. "Mwiitu! Nikate?"

"Bado!"

Nilijua la kufanya na niliogopa kulifanya. Kumtoa Kavata kwa mashine kwa nguvu, kwa amri. Ukikosea namba unaua kitu kingine, pengine databesi yenyewe. Nikaorodhesha walio ndani, kila mmoja na namba yake. Nikaitafuta namba yake, nikaisoma kwa sauti, nikaisoma tena kama mtoto wa nasari. Nikaandika. Kidole juu ya kitufe. Nilifikiria zile disketi. Ningekuwa na kopi ningebonyeza bila kufikiri. Nikabonyeza.

Akatoka. Nikafunga databesi. Inaandika, inaandika. Mstari mmoja, mwingine. Radi ikapiga mwarobaini ulio nyuma ya stoo, nikaona weupe kila mahali, na nikajua Mzee amekata. Mtu yeyote angekata. Mimi ningekata.

Taa bado zinawaka.

Nikatazama. Amefumba macho, midomo inatembea, sijui ni zaburi au anaitukana kompyuta. Mkono uko pale pale juu ya kile chuma. Databesi ikasema imefungwa. Nikatoa amri ya seva. Hiyo nayo haina haraka, utafikiri inasuka kiondo. Halafu yale maneno kwa skrini, salama kuzima.

"Kata!"

Giza. Haikupita muda kukawa na mlio kwa nguzo ya barabarani, na kijiji kizima kikakosa stima.

Mzee Muli alikaa chini kwa simiti yenye maji. Nilienda nikakaa karibu naye. Nililia bila aibu. Aliniambia niende nibadilishe viatu nitashikwa na homa.

Bwana Kioko aliingia akicheka, ameloa, akasifu vile nilivyokuwa mwangalifu. Basi sikuweza tena. Nikamwambia. Kopi hakuna, tangu Jumanne hakuna, nilidanganya. Kicheko kikaisha. Akaniuliza kwa nini nilimwacha mzee abebe lawama. Si disketi alizoulizia. Hilo ndilo lililonichoma.

Jumamosi, 9 Novemba

Stima imerudi saa tatu. Nimewasha. Databesi imefunguka mara moja, bila lawama. Majina yote. Ngoluni, yote. Hata lile la Kavata, lilirudi vile lilivyokuwa kabla ya kuhaririwa.

Printa mpaka saa sita. Lori limeondoka saa nane, likateleza kidogo pale kwenye kona, likaenda. Bwana Kioko amesema barua ya onyo nitaipata wiki ijayo. Ni haki yangu. Mbele ya wote amemwambia Mzee Muli asante, na mimi nimeongeza yangu, si nusu nusu.

Jumatatu, 11 Novemba

Ngoluni. Nimeenda na Bwana Kioko na wenzetu kusoma majina.

Watu wamekaa kwa mistari, kila mtaa mstari wake. Matope mekundu mpaka kwa kifundo. Naita jina, mtu anajibu, anaweka kidole kwa wino, anachukua gunia. Hakuna aliyekosekana kwa orodha. Hakuna hata mmoja.

Nikafika Syombua wa Mutuku. Sikusikia jibu. Nikaita tena. Naikumbuka fomu yake kwa sababu niliiandika mara mbili, kabla ya stima kukatwa na baada yake. Anaishi peke yake, mbuzi hakuna.

Jirani yake akasimama. Akasema, "Huyo tulimzika Jumamosi. Alituacha Ijumaa asubuhi." Hakusema kwa ubaya. Alisema vile mtu husaidia karani asipoteze wakati. Kisha akauliza kama jina lake mwenyewe liko karibu.

Lilikuwa karibu. Nikaliita.

Lori lilikuwa lije Alhamisi, siku moja kabla. Bwana Kioko anasema alikuwa mzee sana, singejua, hakuna anayejua. Nimemwacha aseme. Njia yote kurudi mashamba yalikuwa yameanza kuwa kijani kidogo na watu walikuwa wanapunga mikono.

Jina la Syombua bado liko kwa mashine. Kulitoa ni mstari mmoja wa amri. Nitauandika kesho, leo siwezi.