Kiduara Kilichobaki Kitupu

Maseno
11 Machi 2024

Kwa kaka yangu Joram,

Pokea salamu nyingi. Natumai uko salama hapo Kaloleni na kile kifua kimepungua. Mimi ni mzima, ni uchovu tu. Nimeandika kwa sababu kwa simu tungegombana.

Jana kwenye kundi la WhatsApp la sisi tuliopita mtihani wa Bodi ya Fuo, nilisoma kwamba mahakama imesimamisha ajira za wakaguzi wa samaki. Wote kumi na wanane. Nikashuka chini kuona ni nani aliyeshtaki: Joram Oyugi. Nikajiambia huyo ni Joram mwingine.

Nilikuwa nimekwisha kuacha kazi ya kufundisha. Walimu wenzangu wameninywesha chai ya kuniaga. Na mtihani huu tuliusomea pamoja miezi minne, meza moja, wewe ukinieleza mambo ya barafu na macho ya samaki. Najua uliumia. Lakini ungeniambia hata neno moja.

Dada yako,
Celestine


Kaloleni
2 Aprili 2024

Nyamera, dada yangu Celestine,

Hujambo? Kifua ni nafuu. Mama anakusalimu. Hataki kesi itajwe mezani, kwa hivyo siku hizi tunakula kimya. Barua yako nimekaa nayo wiki mbili.

Sikukuambia kwa sababu niliogopa. Unajua nilichokosea. Juu ya karatasi ya majibu palikuwa na viduara vinne vya kuonyesha umepewa seti gani ya maswali. Nilitakiwa kupaka penseli kimoja, sikupaka hata hicho. Mashine ikaikataa karatasi yangu, halikusahihishwa jibu hata moja. Nilienda Bodi nikawaomba waisahihishe kwa mkono, maana hata daftari la msimamizi linaonyesha nilipewa seti C. Wakasema kosa la mtahiniwa ni la mtahiniwa.

Celestine, Agosti natimiza miaka thelathini na sita. Mwisho wao wa kuajiri ni thelathini na mitano. Sikukushtaki wewe. Wakili niliyemwajiri, anayeitwa Bi Wangu, anasema bila ile amri nafasi zote zingejaa, na hata nikishinda ningeshinda bure.

Nivumilie.

Kaka yako,
Joram


Maseno
30 Juni 2024

Omera Joram,

Habari za huko, kaka yangu? Mama anaendeleaje na miguu? Mimi sina ugonjwa.

Kesi imeahirishwa mara tatu. Mara jaji yuko likizo, mara wakili wa Bodi anaomba muda. Kule shuleni nafasi yangu ilishapata mtu. Nafundisha watoto wa majirani hesabu hapa veranda, na mvua ikinyesha tunafunga vitabu.

Sasa nisikilize. Wakili wa Bodi amenipigia simu. Ameona kwenye orodha kwamba mimi na wewe tulifanyia mtihani chumba kimoja. Anataka niandike kiapo kwamba msimamizi alitusomea maagizo kwa sauti, mara mbili, na kwamba alivitaja vile viduara. Ni kweli alivitaja. Wewe pia ulimsikia. Nimemwambia nitafikiria, naye amenipa muda mpaka siku ya kusikizwa.

Nikiapa, nimekuzika. Nikinyamaza, nimeficha ukweli, na watu kumi na saba wanaendelea kungoja pamoja nami. Sijui nifanye nini. Nijibu tafadhali.

Dada yako,
Celestine


Kaloleni
19 Septemba 2024

Nyamera,

Natumai hujaugua kwa mawazo. Nisamehe, kila nilipoanza kukujibu nilishindwa.

Jana kesi ilisikizwa. Kabla hatujaingia, Bi Wangu alinivuta kando. "Sema msimamizi alikuwa akiwaharakisha. Hakuna atakayekupinga." Nikamwambia sawa. Kweli nilikuwa nimekubali. Kisha nikaapishwa, na wakili wa Bodi akasimama.

"Bwana Oyugi, maagizo yalisomwa?"

"Yalisomwa. Mara mbili."

"Uliyasikia?"

"Niliyasikia."

"Uliyaelewa?"

"Niliyaelewa."

"Basi kwa nini hukupaka hicho kiduara?"

Jaji akaacha kuandika, akaniangalia.

"Sijui, Mheshimiwa. Nilifungua nikakuta maswali ninayoyajua. Nikayakimbilia."

Bi Wangu akafunga faili lake. Hakunikasirikia. Alionekana amechoka tu, kama mimi.

Kwa hivyo usiape chochote. Wakili wa Bodi akikupigia tena, mwambie Joram ameshasema mwenyewe.

Mama aliniuliza kama nimeshinda. Nikamwambia nimemaliza. Akaniwekea chakula, nikalala kabla sijakigusa.

Kaka yako,
Joram


Asembo Bay
3 Februari 2025

Omera Joram,

Hujambo, na Mama hajambo? Tangu hukumu ya Novemba sijapata neno lako. Mathews, mmoja wa sisi kumi na wanane, alinieleza jinsi ilivyosomwa: jaji alikuonea huruma, lakini akasema sheria ya chumba kile ilikuwa moja kwa wote, na kila upande ubebe gharama zake. Nilikuwa nikiingojea siku hiyo kwa miezi minane. Ilipofika nilikaa kitandani na viatu miguuni.

Jumatatu iliyopita niliripoti kazini. Napima barafu, nafungua makreti, nawaambia wachuuzi ni samaki gani wasiuze. Wananitukana kidogo. Nitazoea.

Fomu ya kuripoti ilikuwa na mahali pa kuandika jamaa wa karibu. Niliandika jina lako. Karani, mama mmoja anayeitwa Maximilla, akalisoma na kuvua miwani.

"Joram Oyugi? Yule aliyetufungia ajira karibu mwaka mzima?"

Winny na Okello, tuliopita nao mtihani, walikuwa kwenye foleni nyuma yangu. Wakainua vichwa.

"Ndiye," nikamwambia. "Tumbo moja."

Akanitazama, akagonga muhuri, akaita anayefuata.

Dada yako,
Celestine