Ndiyo ya Vestine

Mama yangu,

Shikamoo. Najua utacheka, utasema huyu bado ana salamu za Tanzania za marehemu baba yake. Goti linaendeleaje? Bado unavuka kwenda Goma kila asubuhi na beseni la nyanya, au Vestine amekukataza? Najua ndiye anayekusomea, kwa hiyo dada, soma taratibu, na usiruke pale unapotajwa.

Mimi ni mzima. Nakula, nalala, kazi ya kuosha vyombo hotelini ipo. Lakini siku ya gusaba, watu wakija kumposa Vestine, sitakuwepo. Nimelitaja mapema ili usiendelee kuitazama barabara.

Unakumbuka uliponiambia kwenye simu: "We Faustin, Chantal iko hapo ng'ambo ya mutoni, na hauendake kumuona? Si unavuka asubui, mangaribi unarudi!" Nami nikaona ni kweli. Mtu aliyekulia Gisenyi, mpaka kwake ni mahali pa kupita na mzigo. Jumapili nikavaa suruali ya kanisani, nikanunua mkate wa kumpelekea mama mdogo Chantal, nikalipanda daraja la kwenda Kanada kwa miguu. Mfukoni nilikuwa na indangamuntu yangu, kitambulisho kilekile tunachoonyesha mpakani pale Petite Barrière! Askari wa Kanada akakigeuza, akakigeuza tena, akanirudisha. Wa upande huu wa Amerika wakaniuliza nilikuwa nakimbilia wapi. Nikasema nakwenda kumsalimia mama yangu mdogo, jioni narudi.

Mama, hawakucheka. Ombi langu la kukaa nchini bado halijajibiwa, na kwao nilichofanya ni kutoroka. Wakaishika pasipoti yangu, wakanifunga mguuni kidude cheusi kinachowaambia niko wapi. Sasa siruhusiwi kutoka katika wilaya hii, na nyumbani nako siwezi kurudi, maana pasipoti wanayo wao mpaka kesi iishe. Kesi yenyewe haina tarehe. Mkate niliula mwenyewe, kwa hasira.

Kidude hiki kinakula umeme kama simu. Kila jioni nakaa karibu na ukuta, mguu umechomekwa. Hata darasani. Ndiyo, nasoma! Kanisani kwetu yuko wakili mstaafu, Bi Helen, anayetufundisha wageni bure jinsi nchi hii ilivyoundwa. Anasema waliojitenga na mfalme wa Uingereza walianza kwa tamko: watu wote wameumbwa sawa, na Muumba amewapa haki ambazo haziondoleki, uhuru ukiwemo. Serikali haitoi haki hizo, inazikuta. Kazi yake ni kuzilinda, na inatawala kwa ridhaa ya wanaotawaliwa. Katiba ilikuja baadaye, nayo haikuanza na Mungu, ilianza na wananchi. Tangu hapo wanabishana, majaji kwa majaji: mtu ahukumiwe kwa yaliyoandikwa tu, au kuna sheria ya juu zaidi ambayo kila mmoja anazaliwa nayo? Wengi wa walioandika uhuru huo walikuwa na watumwa, na miongoni mwa waliopigana na utumwa wako walioishika ile sheria ya juu.

Niliyapenda sana maneno hayo, halafu yakaniudhi. Nikanyoosha mkono. "Bi Helen, hiyo haki niliyopewa na Mungu, mbona imechomekwa ukutani?" Darasa zima likautazama mguu wangu. Akasema, "Unayo, Faustin. Kuwa nayo na kuachiwa uitumie ni mambo mawili, na siwezi kukudanganya." Nilitaka anibishie nipate wa kumkasirikia. Hakunibishia. Nilirudi chumbani nikalia, mama, mtu mzima na ndevu zangu.

Sasa la gusaba. Tangu baba afariki umeshikilia kwamba hakuna atakayewajibu wakwe ila mimi, na sherehe umeiahirisha tena na tena kunisubiri. Vestine hasemi, lakini anaumia, na mchumba wake hawezi kuingoja kesi yangu. Nimefungwa mimi, mama. Sitaki na yeye afungwe kwa mguu wangu. Mwite baba mdogo Anastase ashuke kutoka Mudende. Ndiyo, atasifia ng'ombe wake mpaka wageni wasahau walichofuata, mvumilieni. Pande mbili zitakapomaliza utani wao wa posa, asimame asome hivi:

"Mimi Faustin, kifungua mimba wa nyumba hii, namwoza dada yangu ikiwa mwenyewe ameridhia. Mwulizeni yeye kwanza, mbele ya watu, naye ajibu kwa sauti. Akisema ndiyo, hiyo ni yake tangu azaliwe, haikutoka kwangu. Mimi naipokea tu."

Kuulizwa hivyo si desturi yetu, najua, na wazee watanong'ona. Waache.

Msalimie mama Zawadi, jirani yetu wa vitunguu unayevuka naye, na babu wa kanisani anayelinda mlango. Na usijilaumu kwa lile neno la ng'ambo. Hata mimi niliamini.

Baba mdogo akifika, mketishe kwenye kiti changu. Msikiache wazi, mama. Wageni wataniulizia, nawe utalia siku ambayo inakupasa kucheza.

Mwanao akupendaye,
Faustin