Papa Ovide Tourtelot, Aliyefunga Magurudumu kwa Kufuli

Mwaka umezunguka na kurudi palepale, Papa Ovide, tangu Jumapili ile ulipolala chali chini ya gurudumu kwenye kona ya Claiborne, tromboni yako imekunjika kama ukucha wa kuku na mdomo wako bado unamtukana mtu. Tuliona midomo ikitembea, maneno hatukuyasikia. Mkeo, Mama Zelime, alimwambia padri kwamba ulikuwa unasali. Padri alikujua miaka mingi, lakini hakubisha.

Ulipowekwa kaburini, mwanao Telesphore alishika jeneza na kuapa mbele yetu sote: mwaka ukitimia, kwenye kona ileile, atamchinja yule mpiga tarumbeta, Lemuel Purvis. Mama yake alimwambia, "Nyamaza, uko makaburini." Akajibu, "Ndiyo nimekuja kuona kama kuna nafasi." Kwa hiyo mwaka huu wote hatukukulilia kwa utulivu. Tulikuwa tunahesabu nyembe za nyumbani.

Ulikuwa mtu mpole, hasa ukiwa usingizini. Ukiwa macho ulikuwa mpiga lipu, na katika mtaa wetu mzima wa Treme hakuna dari laini kama ulizozipiga wewe. Lipu yako haina ufa mpaka leo. Nyufa ziko kwa wateja. Yule mwenye nyumba wa Mtaa wa Dumaine aliyesema ukuta wake umepinda ulimpiga mwiko wa chuma kwenye taya, na sasa akitafuna utadhani anacheka upande mmoja. Baada ya mazishi tulikwenda kuupima ukuta huo kwa uzi. Umenyooka. Tumeona ni haki yako ujue.

Tunaikumbuka sufuria yako ya Jumatatu, maharagwe mekundu na wali, mlango wazi. Walikuja hata uliowapiga Jumapili. Ulimpakulia kwanza mwenye jicho lililovimba, ukamwongezea kipande cha nyama na kumwambia, "Kula, ndugu yangu, jicho linataka nguvu." Naye alikula, kwa sababu maharagwe yako yalikuwa matamu, na kwa sababu uliendelea kusimama karibu naye na ule mwiko wa kupakulia.

Lakini roho yako ilikuwa ya Jumapili mchana. Wewe na bendi yako mlipanda gari la kubebea samani, nyumbu wawili mbele, ubao wa kutangaza dansi ya jioni ubavuni, na wewe ukakaa mkiani kabisa, miguu ikining'inia, ili mkono wa tromboni, ule unaosukumwa mbele na kuvutwa nyuma, upate pa kwenda. Ulikaa huko tangu siku ulipokaa katikati ukampiga nao Evariste, mpiga zumari wetu, nyuma ya shingo. Evariste anasema ulifanya makusudi. Wewe ulisema alikuwa nje ya wimbo. Huenda yote mawili ni kweli.

Na kila magari mawili ya muziki yalipokutana kwenye kona, hakuna aliyempisha mwenzake. Watu walifunga gurudumu kwa gurudumu, ili atakayezidiwa asitoroke na aibu yake, kisha zikapigwa nyimbo mpaka umati uamue. Aliyeshinda aliondoka na watu wote nyuma yake hadi kwenye dansi. Aliyeshindwa alipigia mabenchi matupu.

Wengine walifunga kwa kamba. Wewe, tangu kundi moja la ng'ambo ya mto likate kamba kwa kisu na kukimbia katikati ya wimbo, ulitafuta mnyororo wa bandarini na kufuli kubwa kama ngumi. Ulilala navyo. Mama Zelime aliwalalamikia majirani: "Wenzangu wanagombania kitanda na mwanamke mwingine. Mimi nagombania na mnyororo, na mnyororo unashinda."

Asubuhi ya siku ile ulijua kwamba Purvis atakuwa barabarani. Alikuwa kuli wa bandarini kutoka upande wa pili wa Mtaa wa Canal. Hakujua kusoma noti hata moja, na akipuliza tarumbeta madirisha yalifunguka yenyewe. Ulichukua mnyororo, ukachukua kufuli, na ufunguo ukautundika kwenye msumari, chini ya picha ya Mtakatifu Petro.

"Ufunguo, Ovide," Mama Zelime alisema.

"Nauacha kwa Petro. Ana uzoefu wa funguo."

"Na mkizidiwa, Papa?" Telesphore aliuliza.

"Leo hakimbii mtu. Hata mimi. Nikiwa nao mfukoni, midomo yangu itajua."

Mlikutana Claiborne baada ya chakula cha mchana. Wewe mwenyewe uliruka chini, ukazungusha mnyororo kwenye magurudumu, ukabana kufuli na kulipiga kofi kama farasi. Purvis alicheka kutoka juu.

"Enyi watu wa Treme! Karatasi zenu za noti mmezileta? Bila karatasi hamjui hata kupiga chafya!"

"Lemuel," ulimjibu, "ukipuliza hilo debe lako panya wanahama mji. Halmashauri ikulipe!"

Mlipiga. Wimbo wa kwanza ulikuwa wetu, hakuna ubishi. Wa pili uligawanyika. Katika wa tatu Purvis alifumba macho na kupuliza kitu ambacho hakikuwa kwenye karatasi ya mtu yeyote. Hapo wanawake wakaanza kugeuka mmoja mmoja, wakatuonyesha migongo, wakacheza wakiuelekea upande wake. Uliwaona. Tulikuona ukiwaona.

Nusu tofali lilitoka mahali fulani. Kila upande unasema lilitoka upande wa pili. Lilimpata Evariste mdomoni, na meno yake mawili yakaingia ndani ya zumari. Kisha ikawa vita. Nyembe zilitoka kwenye soksi, pini za kofia zikatoka vichwani mwa wanawake wa heshima, mpiga ngoma wao akavunjwa kiwiko kwa rungu la ngoma yake mwenyewe. Dada yako Odalie alimng'ata mtu sikio, na mpaka leo hajui ni la nani. Ndipo mtu akapiga bastola hewani ili kuleta amani.

Nyumbu hawakuelewa kwamba ni amani. Wetu walikimbilia mashariki, wao magharibi, na magari yamefungwa pamoja. Yalizunguka kama mawe ya kusagia. Ulirushwa kutoka mkiani, mguu wako ukanaswa kwenye mnyororo, na mnyororo ukakaza. Kilichoonwa na watu wote ni Purvis ameinama juu yako, mikono yake iko chini, anavuta kitu. Kisha gurudumu la gari letu wenyewe likakupanda kifuani.

Aliondoka mbio, mkono ameuficha ndani ya koti. Hakuja kukuzika na hakupuliza tena tarumbeta. Treme ilitoa hukumu kabla jeneza halijapigiliwa misumari: alikukandamiza, na sasa dhamiri imembana koo. Wenzake walipokuja mazishini kofia mkononi, Telesphore aliona vichwa vitupu tu, akavipiga. Ngoma kubwa ilipasuka, Odalie akavunja mwavuli kwenye mgongo wa shemasi, na bendi iliyokuwa ipige wimbo wa kukuaga iliutumia muda huo kutafuta vyombo vyake mtaroni. Ulizikwa kwa namna ambayo ungeipenda.

Basi Jumapili iliyopita mwaka ulitimia. Baada ya misa bendi ilipanda gari. Telesphore alikaa mkiani na tromboni mpya, ambayo anaipiga vibaya, Papa, hatutakuficha. Kwenye buti la kushoto alikuwa na wembe. Mama Zelime alikuwa ameficha nyembe kumi na moja tangu Pasaka, na mwanao alikwenda kuazima wa kumi na mbili kwa kinyozi.

Tulifika Claiborne na kungoja gari lao. Halikuja. Alikuja Purvis peke yake, kwa miguu, suti ya kanisani, mkono wa kulia mfukoni na tarumbeta kwapani.

Telesphore aliruka chini kabla nyumbu hawajasimama sawasawa. Ngumi ya kwanza ilifungua pua ya Purvis, ya pili ikampigiza kwenye gurudumu. Akamzungushia mnyororo wako kiunoni, ukapita kwenye spoki, akabana kufuli. Purvis hakurudisha hata kofi. Damu ilimchuruzika kwenye shati jeupe, naye akaitazama kama mtu anayefikiria atakavyoifua.

"Leo hukimbii, kuli wewe."

"Ningetaka kukimbia, kijana, ningebaki nyumbani. Ni rahisi zaidi."

"Utapiga kwanza. Nataka kusikia alichokisikia baba. Ukimaliza nakuchinja."

"Sitapiga."

Wembe ulitoka. Telesphore aliuweka chini ya sikio lake na kuubana hadi uzi mwembamba wa damu ukashuka kuungana na ule wa pua. Wanaume wa Treme walipiga kelele, "Mmalize!" Evariste naye alisema, ila kwa pengo lile ilisikika kama anaomba maji.

"Una nini mfukoni? Bastola? Toa mkono!"

"Kijana..."

"Toa!"

Purvis akautoa. Kilikuwepo kidole gumba na kidole cha mwisho. Vitatu vya katikati, ambavyo mpiga tarumbeta anavitumia kuishi, havikuwepo. Telesphore aliutazama mkono ule, wembe ukiwa umesahaulika shingoni.

"Viko wapi?"

"Hapa hapa, kama mbwa hawakuvila." Purvis alionyesha barabara kwa kidevu. "Baba yako alinaswa mguu. Niliruka chini nikamwuliza, ufunguo uko wapi? Unajua alinijibu nini?"

"Nini?"

"'Kwa Petro.' Nikadhani ameshafika huko."

Hakuna aliyecheka, Papa. Sisi tuliojua msumari ule tulivua kofia.

"Nikaingiza mkono kwenye spoki nilegeze mnyororo," alisema. "Nyumbu wakavuta. Baba yako aliona mkono wangu uko wapi. Kifua chake kiko chini ya gurudumu, na ananitukana mimi. 'Toa mkono, mjinga wewe! Toa mkono, kesho utapigia nini?' Ndivyo alivyosema. Hayo ndiyo yalikuwa maneno yake ya mwisho. Sikuutoa upesi."

"Kwa nini hukusema?"

"Ningemwambia nani? Mlikuwa mnanirushia matofali."

Telesphore alishusha wembe. Alitaka kumfungua, akajipapasa mfuko wa kulia, kisha wa kushoto, kisha tena wa kulia. Ufunguo alikuwa ameuacha kwenye msumari. Ni mwanao kweli, Papa. Wenye shaka wakae kimya.

Umati ukapasuka, Mama Zelime akapita katikati na kofia yake nyeusi, ufunguo mkononi. Alikuwa ameutoa kwa Petro asubuhi ile, akatufuata kwa miguu kutoka kanisani. Kwanza alimzaba Telesphore kofi lililowafanya nyumbu warudi nyuma hatua moja. Akauchukua wembe, akautupa mtaroni. Kisha akafungua kufuli, akaupokea ule mkono wa vidole viwili na kuushika kama anayeshika mkate wa moto.

"Niambie kweli," alimwambia Purvis. "Siku ile Ovide alikushinda?"

Telesphore alimtazama mtu yule kwa macho ya kuomba. Treme nzima ilimtazama hivyo. Lilikuwa jambo dogo la kusema kwa mjane, na damu ilikuwa bado inamtoka.

"Hapana, Mama. Nilikuwa namshinda."

Tulisikia mtu akiokota tofali.

"Weka chini!" Mama Zelime alisema bila kugeuka. Akamfuta Purvis pua kwa kitambaa chake cha misa. "Najua ulikuwa unamshinda. Nilikuwa hapa. Wimbo wa tatu ulipofika, mimi pia niligeuka. Nilikuwa nacheza, Lemuel. Nilimpa mume wangu mgongo, na niliposikia bastola nilikuwa bado nacheza." Alikikunja kitambaa. "Kesho kuna maharagwe. Njoo mapema, watu wangu ni walafi."

Alikuja. Telesphore alimpakulia yeye kwanza, kwa mwiko wako, akamwongezea kipande cha nyama. Mgeni alikula mpaka sahani ikaisha. Kisha Purvis akamwambia, "Ile tromboni unaishika kama mtu anayezuia mbuzi," na masomo yakaanza palepale, Purvis anaimba kwa mdomo, mwanao anafuata. Akikosea anapigwa kisogoni kwa mkono uleule. Telesphore anasema vidole viwili vinauma kuliko vitano.

Kwa hiyo, Papa Ovide, kwa masikitiko makubwa na heshima zote, familia inakutangazia kwamba ulishindwa. Tulikuwa hatujakuambia. Tunajua unavyopokea habari za namna hii, ndiyo maana tumengoja mpaka uwe mbali.

Wanaokukumbuka ni mkeo Zelime, ambaye kitanda chake kimekuwa kipana mno. Mwanao Telesphore, ambaye sasa ananyolewa nyumbani. Dada yako Odalie, na yeyote mwenye lile sikio. Evariste na meno yaliyobaki. Mpwa wako wa shule ya bweni, aliyepewa kazi ya kuandika haya kwa kuwa hana nyingine ya maana. Pamoja na Lemuel Purvis wa upande wa pili wa Mtaa wa Canal, ambaye ameomba jina lake liwe la mwisho, nasi tumekubali, ila tumemhesabu ndani ya ukoo, mahali pa ndugu.

Hutatoka mioyoni mwetu, Papa, maadamu kuna kona mjini hapa na magari mawili ya kukutana. Mnyororo tumeurudisha bandarini. Sasa tunafunga kwa kamba.