Jiwe Chini ya Ngazi ya Duka

Baba,

Shikamoo. Najua hutaitikia, lakini kila nilipotaka kukuambia jambo nilianza hivyo, na nisipoanza hivyo sitaweza kuendelea.

Nimemaliza kidato cha nne. Matokeo bado. Nashinda dukani na Mama, na kubwa ninalotaka kukuambia ni kwamba barabara yetu inawekwa lami. Yote, kuanzia inapoachana na Barabara ya Kilwa pale kwa wauza mbao, ipite msikitini, ipite kwetu, iteremke hadi darajani. Ulikuwa unasema ukiitembea kwa mguu haimalizi sigara mbili. Mama akikuambia uache sigara, ulikuwa unamjibu kwamba bila sigara utaipimaje barabara.

Ulinisimulia ilivyoanza. Kwanza ilikuwa njia ya waokota korosho. Halafu malori ya mchanga yakaipanua, yakitoka mtoni. Halafu ukaja wewe na greda, ukainyoosha kwa siku tatu, na siku ya tatu ukakipenda kiwanja kimoja ukasema hapa ndipo nitakapoishi. Shuleni tulipoambiwa tuandike historia ya mahali tunapoishi, niliandika hiyo. Mwalimu aliipenda, akaniambia nisome mbele ya darasa. Nilisimama, sauti haikutoka. Akasoma mwenzangu.

Mwezi uliopita wakaja wapima. Walitafuta yale mawe ya mpaka wanayoyaita bikoni, ili wajue barabara pana itakula upande gani. La upande wa Bi Mwanaidi, jirani yetu wa ng'ambo, lilishang'olewa zamani watu walipochimba mtaro wa bomba. La kwetu walilitafuta wakalikosa. Mjumbe wa mtaa akawaambia halikuwahi kuwepo. Basi wakasema watapima kutoka katikati ya barabara ilivyo sasa, kila upande sawa.

Lakini barabara ilivyo sasa siyo uliyoichonga wewe, Baba. Duka ulilomjengea Mama lilitoka mbele hatua tatu, likaingia barabarani. Maji ya mvua yakakosa pa kupita, pakawa na dimbwi, na magari yakaanza kulikwepa kuelekea kwa Bi Mwanaidi. Greda lililokuja baada yako likafuata alama za matairi. Siku hizi akianika mihogo barazani kwake, gari likipita anaifunika kwa kanga. Ukipima kutoka hapo katikati, duka letu linapona, na vyumba vyake viwili vya mbele vinaondoka. Kimoja analala yeye. Kingine amempangisha fundi cherehani.

Ulipolijenga duka nilikuwa na miaka tisa. Mimi ndiye niliyekuletea maji ya kukorogea zege. Jiwe lilikuwa pale pale ulipotaka ngazi ya mlango wa ubavuni wa duka, karibu na ukuta wa nyuma. Ulilimwagia zege, ukalainisha kwa mwiko, ukaniambia, "Hili jiwe hukuliona, mwanangu." Nikasema ndiyo, Baba. Nilifurahi kuwa na siri na wewe.

Na siku ya mazishi yako, Baba Mdogo alisimama akauliza kama kuna mtu mwenye haki yake kwa marehemu, ajitokeze, familia ipo. Mie nilikuwa ndani na wanawake, nasikia kupitia dirishani. Nililifikiria jiwe. Kichwa changu kilikuwa begani kwa Bi Mwanaidi, yeye ndiye aliyekuwa amenishika. Nikanyamaza. Hilo si kosa lako, Baba. Hilo ni langu.

Asubuhi ya kupimwa nilimwambia Mama. Alikuwa anapanga sabuni. Hakukasirika. Alisema tu, "Baba yako hayupo wa kujitetea. Unataka wamseme hata kaburini?" Halafu akaipangua rafu aliyokuwa ameshaipanga, akaipanga upya.

Wapima walirudi na kopo la rangi nyekundu. Watu wakajaa. Nilikwenda nikasimama karibu na mpima mkubwa, nikafungua mdomo. Ikawa kama pale darasani. Nikarudi ndani nikachukua nyundo yako na tindo, nikapiga magoti, nikaanza kuvunja ngazi.

Vijana wa bodaboda walicheka. "Sista, hiyo ngazi imekukosea nini?" mmoja akauliza. Mwenzake akamwambia aniache, eti matokeo yametoka nimepata sifuri. Zege lako ni gumu, Baba. Mama alitoka, nikadhani ananinyang'anya nyundo. Akasimama mlangoni, basi. Mwishowe mpima akaelewa, akaniomba nyundo, akamalizia yeye. Jiwe likaonekana, na namba yake bado inasomeka. Aliisoma kwa sauti.

Alama ya X imewekwa kwenye duka letu. Linaondoka lote isipokuwa ukuta wa nyuma. Kwa Bi Mwanaidi inaondoka baraza peke yake. Sikufichi, watu wamekusema. Mjumbe alisema kumbe marehemu alikuwa mjanja, na waliokuwapo wakaguna.

Alasiri Bi Mwanaidi alivuka barabara, akakaa pembeni ya kifusi. Nilimwamkia, nikamwomba radhi kwa niaba yako na yangu. Akasema, "Nilimwona akimwaga lile zege, mjukuu wangu. Nilikuwa nafagia. Baba yako mdogo alipouliza msibani, nilimwachia moyoni, yakaisha."

Nikamuuliza kwa nini hakuwaambia wapima, na chumba chake mwenyewe kilikuwa kinaondoka. Akasema mtu ukishamwachia haki yako huendi tena kuidai kwa mpima. Akaniuliza kama tuna sukari ya kupima, nikampimia.

Jambo hilo limenisumbua siku nyingi. Ulikuwa umeshasamehewa, Baba, tangu siku ile. Basi nikawa najiuliza kama nimemvunjia Mama duka lake bure. Jana tukiwa tunahamishia bidhaa sebuleni, nikamuuliza hivyo hivyo nilivyokuandikia. Tukamaliza maboksi kwanza. Halafu akasema, "Yeye alisamehe. Sisi tulikuwa bado hatujarudisha."

Hajanilaumu. Mimi pia sikulaumu sana. Najua ulitaka Mama apate pa kuuzia, na hatua tatu ulikuwa unaziona ndogo, wewe uliyekuwa unasukuma udongo wa barabara nzima. Lakini niliumia kutaka kukutetea nisiweze.

Wiki ijayo tutalivunja wenyewe, taratibu, ili tuokoe matofali. Fundi ameshapatikana. Pumzika, Baba, usituwazie. Nakuahidi hili moja: ukuta mpya utasimama nyuma ya jiwe, nami nitakuwepo kila siku ya ujenzi. Fundi akitaka kusogea mbele hata kiganja kimoja, nitamwambia hapana, na nitasema kwa sauti.

Mwanao,
Zuhura